Kama Mimi Siko

Phelesia alivaa gauni la kanisani kwenda kuonana na kompyuta. Hakuna aliyemwambia avae vile. Alisema tu kwamba mtu haendi kwenye ofisi ya mke wa mwanawe akinuka dagaa wa omena. Akajipaka mafuta mikononi, akafunga kitambaa kipya kichwani, akapita katikati ya mji wa Homa Bay akiwa ametangulia, mkaza mwana nyuma yake, ili kila mtu aone heshima imekaa upande gani.

Ofisi yenyewe ilikuwa chumba kimoja nyuma ya duka la mbegu. Mlangoni paliandikwa Kituo cha Habari za Soko. Mwaka ule wa 1999 wafadhili fulani walikuwa wameleta kompyuta pale, ili wachuuzi waweze kuona wenyewe bei za samaki, mahindi na maharagwe za Migori, Kisii na Kisumu bila kumtegemea dalali. Bei zililetwa kwa simu kila asubuhi. Programu ya kuzionyesha iliandikwa na Clifford, kijana wa Kisumu mwenye miwani na haraka nyingi, na kazi ya Marion, mke wa Javan mwana wa Phelesia, ilikuwa kuijaribu kabla haijafunguliwa kwa watu wote.

Majirani hawakuielewa kazi hiyo, na huwezi kuwalaumu. Kwanza Marion aliitumia programu yeye mwenyewe, akibonyeza pale ambapo mtu mwenye akili timamu asingebonyeza, aone itafanya nini. Kisha aliwaita wachuuzi, mmoja mmoja, akawakalisha mbele ya skrini, naye akakaa nyuma yao na kalamu. Alitazama wanasita wapi, wanaguna wapi, mkono unarudi nyuma wapi. Sheria ilikuwa moja tu, na Clifford aliitoa kwenye kozi Nairobi: usimsaidie mtu. Usitikise kichwa, usikohoe, usimwonyeshe kwa macho. Ukimsaidia leo, kesho atakaa hapa peke yake na hutajua kitakachomkwamisha. Na akiuliza swali, jibu lilikuwa tayari limeandaliwa. Marion mwenyewe ndiye aliyelitoa kwenye Kiingereza cha Clifford: "Fanya vile ungefanya kama mimi siko."

Kwa wachuuzi wengine jibu hilo lilipita salama. Wengine walicheka, wengine walisonya, wote wakaendelea. Sasa mchuuzi mmoja alikuwa ameugua, nafasi ikabaki wazi, na Marion akamtaja mama mkwe wake kwa sababu ya fahari, basi. Phelesia alikuwa ameuza omena tangu Javan akiwa mgongoni. Angekuambia bei ya debe Migori huku akisuka ukili. Marion alitaka Clifford amwone.

"Mama, kazi ni moja tu," alimwambia walipofika. "Utafute bei ya omena ya Migori. Hiyo kipanya ni ile Clifford amekuonyesha kushika. Kompyuta ndiyo inajaribiwa, si wewe."

"Sawa, nyar Kegonga."

Hivyo ndivyo alivyomwita tangu aolewe, binti wa Kegonga, kwa kuwa Marion alikuwa Mkuria wa kule juu. Marion hakujua Kijaluo zaidi ya salamu, na Phelesia hakujua Kikuria hata salamu, kwa hiyo walikuwa wameishi kwa Kiswahili cha sokoni, kila mmoja akikivunja upande wake. Kilitosha kabisa.

Phelesia akaketi wima, mikono mapajani. Skrini ilionyesha picha ya samaki, hindi na maharagwe, na juu yake maneno Soko Letu. Akaitazama. Akangoja.

Alikuwa mgeni pale. Mgeni akiingia mahali hukaa, akatulia, mwenyeji akamsalimia na kumuuliza ya alikotoka, ndipo mazungumzo yaanze. Kumrukia mwenye nyumba na shida zako kabla hajafungua mdomo ni ulafi, na Phelesia hakulelewa hivyo. Aliitabasamia skrini kidogo, kuipa moyo.

Kwenye benchi la ukutani walikaa wachuuzi wengine waliongojea zamu au waliomaliza. Roseline, muuza nyanya aliyepanga ploti moja na akina Marion, alikuwa amemaliza. Yeye alikuwa amebonyeza kila kitu hadi bei ikajitokeza yenyewe, na alikuwa bado anajisikia.

"Ameganda," Roseline alisema.

Mwanamke mmoja akacheka kwa pua, mwingine akadakia. Phelesia hakugeuka. Alikaza shingo, akaendelea kuingoja kompyuta iwe na adabu.

Marion ndiye aliyeelewa kabla ya wote. Anangoja kusalimiwa! Katika muda wote ule wa kubonyeza na kufuta, yeye na Clifford hawakuwahi kufikiri kwamba mtu mzima angekaa mbele ya kitu hicho akisubiri kukaribishwa. Lilikuwa kosa safi, kosa la kumpa mtu sifa, na moyo wake uliruka kwa furaha. Aliandika haraka, na alipokuwa akiandika alitabasamu hadi meno yakaonekana. Wakati ule alisahau kabisa ni nani aliyekuwa kwenye kiti.

Kompyuta ile isipoguswa kwa muda ilizima skrini yake. Ikawa nyeusi, na weusi wake ukawa kioo. Ndani yake Phelesia akajiona na gauni lake la kanisani, na juu ya bega lake akamwona mke wa mwanawe akiandika na kucheka.

"Nyar Kegonga," alisema bila kugeuka. "Nifanye nini sasa?"

Marion aliinua kalamu. Alimtazama Clifford, naye Clifford akatikisa kichwa polepole kumkataza.

"Mama, fanya vile ungefanya kama mimi siko."

Hata Roseline aliangalia miguu yake, maana utani una mipaka na wote walikuwa wake wa watu. Phelesia alijitazama tena katika weusi wa skrini. Kisha akainuka, akanyoosha gauni, akachukua mkoba wake.

"Asante kwa kiti," alimwambia Clifford, akatoka nje.

Clifford alivua miwani akaifuta. "Hiyo ni data nzuri sana," alisema. "Excellent, Marion."

Marion aliiweka kalamu chini.

Mama wa Kijaluo halali katika nyumba ya mwanawe aliyeoa, hata iwe mjini, hata mvua ya mawe inyeshe. Kwa hiyo Phelesia alipotoka Magunga kuja kumlea mjukuu wake, Javan alimpangishia chumba upande wa pili wa ua, mlango ukitazamana na mlango. Asubuhi Marion alimvusha Mourine mchanga akaenda kazini, isipokuwa Jumatano ile ya kompyuta, Javan alipobaki naye kwa saa moja. Jioni Phelesia alimvusha akaenda na karai lake sokoni. Ua ule ulikuwa mdogo, bomba la maji katikati, na ulitosha kwa upendo mwingi. Siku hiyo Marion aligundua kwamba unatosha pia kwa chuki.

"Mama, habari ya jioni," alisema akiingia.

Phelesia alikuwa amesimama na mtoto begani. Macho yake yalipita juu ya Marion yakaenda kwenye kamba ya nguo. Akatandika mkeka, akamlaza Mourine katikati yake taratibu, akabeba karai, akaondoka. Hakumkabidhi mtu mtoto. Ilikuwa kana kwamba mkeka ndio uliomzaa.

Javan alirudi akinuka mafuta ya injini. Kazi yake ilikuwa kutengeneza injini za boti pale ufuoni, na alizoea vitu ambavyo vikiharibika vinafunguliwa na kuonekana. Alimkuta mkewe amekaa jikoni hajawasha jiko.

"Umemwambia mama yangu nini?"

"Amesema nimemwambia nini?"

"Amepita kwangu akienda soko. Anasema wewe umemwambia mbele ya watu wewe hauko. Basi na yeye anafuata. Kwake hauko." Alikaa kwenye kiti cha mbao. "Marion, hiyo ni maneno gani?"

Akamweleza. Alieleza sheria, kozi ya Nairobi, mchuuzi aliyeugua. Maneno yalikuwa ya maana sana ofisini, lakini pale jikoni yalianguka moja moja kama sahani.

"Kwa hivyo unalipwa kuangalia watu wakishindwa," Javan alisema.

"Ninalipwa nijue kwa nini wanashindwa."

"Na hauwezi kujua ukiwa umemsaidia?"

"Hapana. Hapo ndipo shida iko."

Javan alijikuna shingo. Alimpenda mkewe na alimpenda mamake, na hapakuwa na injini ya kufungua. Jioni hiyo Marion alipika ugali na sukuma. Phelesia alirudi akapika ugali wake na omena chumbani kwake, jambo ambalo hakuwahi kulifanya tangu aje, akamwita mwanawe kwa sauti ya kusikika ploti nzima. Javan alikula kwa mkewe akashiba, akavuka ua, akala kwa mamake akashiba tena. Aliporudi alitembea akiwa ameshika ubavu.

"Kesho msipike nyote," aliomba.

Lakini kesho yake walipika wote, na Javan akala kote. Asubuhi Marion alipeleka chai kwenye mlango wa Phelesia, ya maziwa, yenye tangawizi kama anavyoipenda. Aliporudi jioni kikombe kilikuwa palepale kizingitini, chai imeota ngozi, nzi amekufa ndani. Phelesia alikuwa akikiruka kila alipoingia na kutoka. Majirani waliona, na Roseline alihakikisha kwamba wasioona wameambiwa.

"Mke Mkuria," wanawake wa bombani walisema. "Wale ni wakali. Ona sasa amemkataa mama."

Marion alisikia akiwa anakamua nguo. Aliumia, kwa sababu nusu yake ilikuwa uongo na nusu ilikuwa kweli, na hakujua aanze kukanusha nusu ipi.

Ofisini Clifford alikuwa ameanza kurekebisha. Marion alikuwa amemwambia skrini ya kwanza ianze na salamu: karibu, habari ya huko unakotoka, gusa samaki au nafaka tuongee.

"Kompyuta haisalimu watu," Clifford alisema.

"Hii itasalimu."

"Kwa sababu ya mtu mmoja?"

"Rudi uangalie wale wa kwanza. Wote walikaa kidogo kabla ya kushika. Sisi tuliona wanaogopa. Hawakuwa wanaogopa, Clifford. Walikuwa wananyamaza ili waambiwe karibu."

Clifford hakuwa mtu mbaya, wala mbishi. Alifikiri, akacheka, akaanza kuandika salamu. Aliandika ya kwanza, Marion akaikataa kwamba ni ya karani wa posta. Ya pili ilikuwa nzuri. Kwa kawaida hapo ndipo alipokuwa akiipenda kazi yake kuliko kitu chochote: kitu kilichomkwaza mtu kikilainishwa mbele ya macho yake, na kesho mtu mwingine apite bila kujua palikuwa na kisiki. Siku hiyo alikaa ameshika tama.

"Tunawahitaji wale mama tena wiki ijayo," Clifford alisema. "Wote."

"Hawatakuja."

"Kwa nini?"

"Mama mkwe wangu hajasema kitu sokoni. Roseline amesema. Sasa ni kwamba ukija hapa unawekwa mbele ya watu uchekwe."

Clifford aliacha kuandika. "Pole," alisema, na alimaanisha. "Lakini rule ni rule, Marion. Ungemsaidia tusingejua."

"Najua. Ningependa tu sheria yenyewe ingekuwa na mama mkwe."

Jioni hiyo Javan alimngojea langoni mwa ploti, kitu ambacho hakuwahi kufanya. Alikuwa na Mourine mkononi.

"Mama anaenda Magunga Jumamosi. Ametuma salamu kwa jirani zake wa huko, kina Levis, wamfungulie nyumba. Anasema amekuja hapa kulea mtoto wa watu ambao hawako."

Marion alimchukua mtoto. Bila Phelesia, kazi ingekwisha, maana hapakuwa na mtu mwingine wa kumwachia Mourine, na hakutaka mwingine. Ila jambo hilo halikumjia kwanza. Kilichomjia kwanza ni kile chumba cha upande wa pili kikiwa kimefungwa kufuli, na kimya cha jioni bila sauti ya mtu akimwita nyar Kegonga njoo uone huyu mtoto wako anavyojifanya. Alilia palepale langoni, na Javan akawazuia wapitaji kwa mgongo wake.

"Nimeenda kuomba msamaha mara ngapi?" Marion alisema. "Nikiongea haoni mdomo."

"Basi usiongee," Javan alisema, bila kujua kwamba amesema kitu.

Kulikuwa na siri moja kati ya wanawake hawa wawili, na hawakuwahi kuizungumzia hata mara moja. Marion hakujua kuandaa samaki. Kegonga kuna ng'ombe, mahindi, wimbi na mbuzi wa kutosha, lakini samaki alimwona kwanza akiwa mkubwa, tena sahanini. Mwanamke aliyeolewa ziwani asiyeweza kumpasua ngege, yule sato wa ziwa, ni kichekesho cha kudumu. Kwa hiyo Phelesia alipokuwa akinunua samaki ufuoni aliwaparua magamba na kuwatoa matumbo hukohuko, akawaleta wameoshwa, akamkabidhi Marion ndani ya karatasi. Ploti nzima iliamini mke wa Javan ni hodari. Phelesia hakuwahi kumwomba ajifunze, wala kumcheka.

Jumamosi asubuhi mfuko wa safari wa Phelesia ulikuwa tayari mlangoni. Ua ulikuwa umejaa, siku ya kufua. Marion aliingia langoni na ngege wawili wakubwa, wazima, magamba yanang'aa, mikia ikining'inia. Hakuwafunika. Alipita nao katikati ya watu, akaketi kwenye kigoda karibu na bomba, akaweka sufuria, akachukua kisu.

"Mama," alisema kwa sauti ya kufika pande zote. "Mimi sijui kuandaa samaki. Sijawahi kujua. Zote mmeona nikipika hapa, ni wewe umekuwa ukinitengenezea huko ziwa."

Kufua kulisimama. Roseline alibaki ameshika shati la mumewe hewani.

"Kabla haujaenda, keti hapa nyuma yangu. Niangalie vile nafanya. Usinisaidie, usikohoe, usinionyeshe. Na nikiuliza, unajua ile jibu ya kunipa."

Phelesia alitoka mlangoni, akautazama mfuko. Angeweza kuchukua mfuko wake akaenda. Lakini alikuwa binadamu, na binadamu gani angeondoka pale? Alikuja, akauvuta mfuko nyuma ya kigoda, akakaa juu yake. Hakukaa kwa kusamehe. Alikaa kwa udadisi, na pia, tuseme ukweli, kwa hamu ya kumwona mtu akipata alichompa mwenzake.

Marion alimshika ngege kichwani, akaanza kuparua kutoka kichwani kwenda mkiani. Kisu kiliteleza. Magamba yalilala tu yakamtazama. Akakaza mkono, samaki akachomoka akaanguka kwenye maji ya sabuni ya Roseline.

"Yawa," Roseline alisema. "Anamchana nywele."

Wanawake walicheka kwa nguvu, wengine wakaegemea kuta. Javan alitokea mlangoni na mtoto, akaona, akarudi ndani. Pembe ya mdomo wa Phelesia ilipanda. Akaishusha. Ikapanda tena.

Marion alimwokota samaki, akamsuuza, akaendelea. Jasho lilimtoka puani. Alijaribu kumbana kwa magoti. Akamshika mgongoni, na ule mwiba mrefu wa pezi ukamwingia kiganjani. Damu ikatoka. Alinyonya kiganja, akashika kisu upya. Nyuma yake Phelesia alivuta pumzi kana kwamba mwiba umemwingia yeye. Mdomo ulifunguka. Akaufunga kwa mkono.

Vicheko vilipungua. Haikuwa tena raha kutazama. Mwanamke mmoja alimwambia Phelesia, "Min Javan, si umwambie aanze mkiani?" Phelesia akatikisa kichwa, maana aliwekewa sheria, naye hakuwa mtu wa kuvunja kitu alichokalia. Lakini vidole vyake vilikuwa vikiparua hewa mapajani, mkia kwenda kichwa, mkia kwenda kichwa.

Magamba nusu yakatoka, nusu yakabaki. Marion akamgeuza samaki tumbo juu. Hapo alikwama kwelikweli. Alijua ndani kuna kitu kibaya mahali fulani, hakujua ni wapi. Aliweka ncha ya kisu hapa, akaitoa, akaiweka pale, juu, karibu na kifua.

"Mama," alisema bila kugeuka. "Nifanye nini sasa?"

Kila mtu uani alijua jibu. Roseline mwenyewe alikuwa amelitangaza soko zima. Phelesia alikuwa amelibeba tangu Jumatano, alilala nalo na kuamka nalo, na sasa alikuwa amepewa nafasi ya kulirudisha kwa mwenyewe mbele ya mashahidi. Ncha ya kisu ikazama kidogo kwenye ngozi.

"Toa kisu hapo, nyar Kegonga! Utapasua nyongo!"

Alikuwa tayari ameshapiga magoti, gauni lake la safari kwenye maji, mkono wake juu ya mkono wa Marion. Alikisogeza kisu hadi chini kabisa, kwenye kitundu cha nyuma. "Anza hapa. Pandisha polepole. Polepole, si unapasua kuni. Ona. Hii ya kijani ndiyo nyongo. Ikipasuka samaki yote inakuwa uchungu, unatupa. Nani alikuambia uanzie juu?"

"Hakuna mtu aliniambia."

"Ndiyo. Hakuna." Phelesia alitoa matumbo kwa kidole kimoja, akayatupa kwenye sufuria. Alibaki ameinama, hakumtazama. Wanawake walirudi kwenye nguo zao, wakifua kimyakimya ili wasikie. "Nilikuona, Jumatano. Kwa hiyo kioo nyeusi. Ulikuwa unaandika na unacheka."

Marion angeweza kukana. Alifikiri kukana.

"Nilicheka, Mama. Niliona kosa ya kompyuta, kwamba haikukusalimia. Nikafurahi. Nikasahau ni wewe umekalia hiyo kiti."

"Ulinisahau."

"Kabisa. Kazi ilinishika. Na hiyo ndiyo nimekuwa nikitaka kukuomba msamaha, si ile sheria. Sheria ni ya Clifford. Kukusahau ni yangu."

Phelesia aliutwaa mkono wa Marion uliochomwa, akakitazama kiganja, akakibana kwa kidole gumba hadi damu ikakoma. Alikuwa na hasira bado, lakini ilikuwa imeanza kukosa mahali pa kukaa.

"Mimi nilifikiri unaenda kule kukaa," alisema. "Nilikuwa nashangaa mtu analipwa kukaa nyuma ya watu. Kumbe kunyamaza ni kazi. Yawa, tumbo inaniuma."

"Ndiyo kazi yangu yote, Mama."

"Hiyo ni kazi ngumu. Mimi singeweza hata siku moja." Alichota maji akamsuuza samaki, akayaona magamba yaliyobaki mgongoni, akaguna. Kisha mabega yake yakaanza kutikisika. "Na mimi nimecheka, nyar Kegonga."

"Saa gani?"

"Saa ile ilianguka kwa sabuni ya Roseline."

"Ulicheka kidogo ama sana?"

"Sana," Phelesia alisema, na sasa alicheka wazi, mkono wenye damu ya samaki ukiwa umefunika macho, na Marion naye akacheka huku machozi yakimtiririka, na hakujua ni ya kitu gani kati ya vyote.

Javan alitoka tena, Mourine begani. Alitazama mfuko uliolowa, akawatazama wanawake wake, akauliza kwa uangalifu wa mtu aliyekula chakula cha jioni mara mbili kila siku:

"Mama, nikupelekee mfuko stendi?"

"Mfuko gani? Uondoe hapo njiani, watu wataanguka." Phelesia alimnyooshea Marion ngege wa pili, mzima, akamgeuza mkia ukawa mbele. Akakishika kisu, akakifuta kwenye gauni lake, akampa. "Shika huyu. Mara hii sinyamazi."